Kabla ya kufungua katalogi ya jenereta za mawimbi

Wewe unayeanza kuuza au kununua jenereta za mawimbi, yaani mashine zinazotoa mawimbi ya redio ya kupimia vifaa vya mitandao isiyo ya waya, najua umeshakariri masafa ya juu kabisa ya kila mashine na bei yake. Nami nilianza hivyo, hadi kosa langu likamgharimu mteja.

Kwa miaka mingi gigahezi 6 zilitosha. Wi-Fi ya gigahezi 2.4 na ya 5, pamoja na karibu bendi zote za simu, ziliishia chini ya hapo, na jenereta nyingi za maabara zilitengenezwa zikome hapo hapo. Nilimshauri mteja achukue mashine ya aina hiyo, nikiamini itamfaa miaka kumi. Aprili 2020 FCC, mamlaka ya mawasiliano ya Marekani, ikapitisha Wi-Fi itumie gigahezi 5.925 hadi 7.125. Karibu bendi yote mpya ilikuwa juu ya uwezo wa mashine yake. Kinachoniuma ni kwamba FCC ilikuwa imeliweka pendekezo hilo hadharani tangu 2018, na mimi sikulisoma.

Tangu siku hiyo nasoma viwango kwanza. Mahitaji ya jenereta za mawimbi huanzia kwa wanaogawa masafa, na kwa 3GPP na IEEE wanaoandika viwango vya simu na vya Wi-Fi. Bendi ikifunguliwa, wahandisi wa chipu hununua mapema, kisha watengenezaji wa vifaa, maabara za uthibitishaji, na mwisho viwanda. Kila mmoja anataka kitu tofauti. Mhandisi wa chipu atalipia usafi wa mawimbi, kwa sababu mashine yenye kelele humfanya adhani chipu yake ndiyo mbovu. Kiwanda kinahesabu sekunde kwa kila kifaa, na mara nyingi kinachokifaa ni mashine moja inayotuma na kupokea. Usikipelekee jenereta ya maabara ya usanifu, hata kama faida yake ni kubwa.

Sasa, jambo ambalo wageni wengi hulisahau: upana wa bendi, yaani kipande cha masafa ambacho mashine inaweza kukijaza kwa wakati mmoja. Mashine inaweza kufika gigahezi 7.125 na bado isiweze kujaza chaneli ya Wi-Fi 7, ambayo hufika megahezi 320. Chaneli ya 5G kwenye masafa ya chini hufika megahezi 100, na ile ya kati ya gigahezi 24 na 52 hufika 400. Halafu Wi-Fi 7 ina modulesheni (namna ya kubebesha data kwenye wimbi) ya 4096-QAM, ambayo alama zake 4096 za kubeba data zimebanana mno, hata kosa dogo huzichanganya. Anayepima amplifaya kwa mawimbi hayo lazima ajue kosa la jenereta yenyewe, la sivyo anapima mashine yake akidhani anapima amplifaya. Namba ya kosa hilo iulizie kwa masafa na nguvu atakazotumia mteja, kwa sababu ile ya ukurasa wa mbele wa katalogi ni ya hali nzuri kuliko zote.

Kwenye vipokezi kazi ni nyingine. Usikivu wa simu ya LTE (4G) kwenye chaneli ya megahezi 10 hupimwa kwa nguvu isiyofika sehemu moja ya bilioni ya miliwati. Kebo inayopoteza desibeli 2 imekula zaidi ya theluthi ya nguvu kabla haijafika kwenye simu. Nimeona watu wakilaumu kipokezi wiki nzima, kumbe ni konekta iliyolegea. Na kipimo cha kuvumilia mwingiliano kinahitaji chanzo cha pili cha mawimbi, kwa hiyo anayeulizia mashine moja huenda anahitaji mbili. Pale ambapo kiwango kinataka mwingiliano wa wimbi tupu lisilo na modulesheni, jenereta ya analogi, iliyo rahisi zaidi, inatosha, mwambie.

Leseni za programu nazo ziweke kwenye hesabu ya kwanza kabisa. Mawimbi ya 5G au Wi-Fi 7 mara nyingi huuzwa kando na mashine, na mteja akigundua hilo baada ya kulipa, hatakuamini tena.

Mwenye mradi wa miezi sita mshauri akodi. Anayetaka mashine iliyotumika aombe cheti cha kalibresheni cha karibuni na orodha ya leseni zilizomo, kisha aiwashe na kuiacha ipate joto angalau nusu saa kabla ya kuipima.