Kabla ya kuwasha kompyuta, chukua maharage

Kijana mmoja wa hapa Moshi anayesoma fizikia ameniuliza aanzie wapi kuelewa mifumo changamano, yaani mifumo ya vitu vingi vinavyoathiriana hadi vikafanya jambo ambalo kimoja peke yake hakiwezi. Ameshapakua vitabu vinne na vyote vimemshinda mapema. Namwelewa sana. Mimi miaka miwili nilikariri milinganyo nisiyoweza kuieleza kwa maneno yangu, na kilichonitoa hapo ni umeme kukatika.

Ilikuwa jioni, nyumbani Majengo. Kompyuta ilizimika katikati ya programu iliyokuwa imenisumbua siku tatu, ya mchezo wa Life, unaojiendesha wenyewe kwa kanuni kwenye miraba, uliobuniwa na mwanahisabati Mwingereza John Conway na kutangazwa mwaka 1970. Mama alikuwa anachambua maharage kwenye ungo. Nikamwomba konzi moja, nikachora miraba kwenye manila, nikaanza kucheza kwa mkono.

Kanuni ni chache. Kila mraba una majirani 8. Punje yenye punje jirani 2 au 3 inabaki. Zikipungua au zikizidi, inaondoka. Mraba mtupu wenye punje jirani 3 kamili unapata punje mpya.

Mstari wa kwanza weka punje kwenye mraba wa pili. Mstari wa pili, mraba wa tatu. Mstari wa tatu, zipange tatu mfululizo kuanzia mraba wa kwanza. Acha nafasi ya kutosha pande zote.

Sasa angalia nilipokosea. Nilikuwa naondoa punje papo hapo kila nilipoihesabu, kwa hiyo jirani yake akahesabiwa kwenye picha mpya badala ya ile ya zamani. Umbo likavurugika. Nikashtuka: kosa hilohilo ndilo lililokuwa kwenye programu yangu! Hesabu miraba yote kwanza. Zitakazoondoka ziwekee kizibo cha soda, zitakapozaliwa weka punje ya mahindi, kisha badilisha zote kwa pamoja. Kwenye programu, tunza majedwali mawili, la zamani na jipya.

Hatua ya kwanza mbili zinaondoka na mbili zinazaliwa. Ukifika ya nne, umbo lilelile limerudi, ila limesogea mraba mmoja kulia na mmoja chini. Mdogo wangu aliyekuwa ameshika taa akauliza, "Kaka, nani anaisukuma?"

Hakuna. Hakuna kanuni inayosema kitu kisogee. Ndivyo ilivyo hata kwa maji: molekuli moja haigandi, kuganda ni jambo la molekuli nyingi zikiwa pamoja. Kwa hiyo usiisome kanuni ukadhani umemaliza. Itembeze hatua kwa hatua.

Ukishaizoea, chukua kikokotoo cha simu. Mwaka 1961 Edward Lorenz, mtaalamu wa hali ya hewa kule Marekani, alirudia hesabu zake za hali ya hewa kwa kuingiza 0.506 badala ya 0.506127, na baada ya muda matokeo yakaachana kabisa. Wewe lijaribu jambo hilo kwa hesabu fupi: anza na 0.3. Itoe kwenye 1, zidisha jibu kwa 0.3 yenyewe, kisha zidisha kwa 4. Unapata 0.84. Ifanyie hiyo vilevile, usikate desimali. Halafu rudia yote ukianza na 0.301. Hatua ya nane utakuta karibu 0.45 upande mmoja na 0.72 upande wa pili.

Ziandike hatua zote daftarini, uniletee. Vitabu tutavizungumza hapo.