Muulize Fundi Saa: Muda umesimama, maji je?

Nianze na la haraka. Mwanafunzi wa Mtanda, Lindi, anauliza kama kuna binadamu aliyewahi kuchezea muda kweli au ni mambo ya sinema tu.

Wapo, mjukuu wangu. Mwaka 1971 Wamarekani wawili, Hafele na Keating, walipanda ndege za abiria na saa nne za atomiki, wakaizunguka dunia mara mbili. Walipozilinganisha na saa zilizobaki nyumbani, safari ya kuelekea mashariki ilikuwa imezichelewesha kwa nanosekunde 59 hivi, na ile ya magharibi imeziwahisha kwa 273. Sekunde moja ina nanosekunde bilioni moja. Kwa kuwahi huko, basi la Dar bado litakuacha.

Sasa barua iliyonitoa kibandani.

"Fundi, shikamoo. Mimi ni mwalimu wa michezo, Mikindani. Wanafunzi wangu wamebuni mchezo wanauita Kopa Sekunde. Timu mbili, watoto watano watano, wanateka maji ya bahari kwa vifuu na kukimbia kujaza ndoo ya lita 20 iliyowekwa juu ufukweni. Kila timu ina akiba ya sekunde 60. Nahodha akisema 'Simama!' wapinzani wote wanaganda, na akiba yake inashuka mpaka aseme 'Twende!' Akiba ikiisha anakopa: sekunde moja, analipa mbili. Juzi binti mmoja aligandishwa akiwa na kifuu chenye tundu, maji yakavuja yote. Akadai kwamba kama muda umesimama, maji yasingevuja, kwa hiyo arudishiwe. Wenzake wakamcheka, mimi nikakosa la kusema. Tena, aliyegandishwa anaweza naye kugandisha? Na sekunde tuzihesabu vipi?"

Marahaba, mwalimu. Jumamosi nilifunga kibanda mapema, nikapanda daladala kuja kuwaona. Nikafika saa kumi alasiri. Uwanja hamna! Bahari imejaa, watoto wamekaa ukutani wananing'iniza miguu. Ilikuwa bamvua, yale maji makubwa ya mwezi mwandamo au mpevu, na kwenye bamvua pwani yetu hii maji hujaa alasiri kama hivyo na kutoka mnamo saa nne asubuhi. Kila siku yanachelewa kama dakika 50, ndiyo maana Jumamosi moja mna uwanja wa kutosha na Jumamosi inayofuata mna samaki. Mwezi ukiandama au ukiwa mpevu, chezeni asubuhi. Watoto wako wanakopeshana muda vizuri sana, ila bahari haikopeshi.

Hata hivyo sikurudi mikono mitupu. Yule binti mwenyewe alinionyesha alivyosimama: mguu mmoja mbele, kifuu kifuani, kidole mbali na tundu kwa sababu aliogopa kuonekana amesogea. Yaani alitii sheria, na utii wake ndio uliomwagia maji. Mimi namwona ana haki. Ukisema umesimamisha muda wa mtu, umesimamisha na alichoshika. Huwezi kumgandisha mchukuzi ukauacha mzigo wake unatembea. Kwa hiyo hukumu yangu ni hii: timu iliyosema "Simama!" ilipe kifuu kimoja kutoka kwenye ndoo yake kwa kila kifuu kilichovuja wakati huo.

Angalia mchezo utakavyobadilika. Nahodha hatakurupuka tena kupiga kelele wapinzani wakiwa wanapanda na maji. Atavizia wakiwa wanashuka na vifuu vitupu, na hapo ndipo utajua nani ana akili. Najua pia watoto. Wiki ya pili watatoboa vifuu makusudi. Basi kabla ya kuanza, kila timu ikague vifuu vya wenzao.

Kuhusu aliyegandishwa kugandisha: hapana, aliyesimama hana mdomo. Lakini ukiacha hivyo tu, nahodha wa kwanza kuwahi ataziteketeza sekunde 60 zote kwa mkupuo na kujaza ndoo peke yake. Wekeni kikomo, sekunde saba kwa mara moja, kisha zamu ihame, kama kwenye bao kete ikilala. Bila kikomo watu hawachezi, wanakalia muda. Mpira wa kikapu wa Marekani ulionja balaa hilo tarehe 22 Novemba 1950: Fort Wayne Pistons waliwashinda Minneapolis Lakers 19 kwa 18, mechi nzima, kwa sababu hakuna aliyelazimika kurusha. Mwaka 1954 wakaweka sekunde 24, ama urushe ama uupoteze mpira. Na sisi tuliokaa uwanja wa soka wa Nangwanda Sijaona, Mtwara, tunawajua makipa wanaolala na mpira kama mtoto na mto. Siku hizi akiushika zaidi ya sekunde nane wapinzani wanapewa kona. Nimeisubiri sheria hiyo miaka mingi.

Riba ya moja kwa mbili siipendi. Hiyo ni kangomba ya muda, kama ile ya kumnunulia mkulima mwenye shida korosho zake kwa bei ya kutupa, na nyumba zipi zimeumizwa na kangomba kila msimu wa korosho unazijua. Aliyekopa sekunde tano alipe tano, ila azilipe mwisho wa mchezo, ndoo zikiwa zimebakiza vidole viwili kujaa, yeye ameganda na mwenzake anakimbia. Adhabu hiyo inatosha.

Kuhesabu ni rahisi. Funga jiwe kwenye uzi, upime sentimita 99 kutoka kwenye msumari hadi katikati ya jiwe, ulisukume kidogo tu. Kwenda ni sekunde moja, kurudi ni sekunde nyingine. Jiwe liwe zito au jepesi, haidhuru. Urefu wa uzi ndio wenye kauli. Mtafutie mwamuzi mahali pasipo na upepo, nyuma ya ngalawa iliyopandishwa panafaa.

Uzi nitakukatia mwenyewe. Mtume mtoto kabla ya Ijumaa, na aje na elfu tano ya ile saa ya ukutani ya shule. Imekwisha kutengenezwa tangu Machi, inapiga kila saa, na majirani wa kibanda wameanza kulalamika.