Komedi za Hollywood kwa Kitamil, zinanoga au hazinogi?

Kaka unayeuliza kama komedi za Hollywood zilizoingizwa sauti za Kitamil zinachekesha au ni kumaliza bando tu, zinachekesha bwana, tena nyingine kuliko hata ile ya Kiingereza. Mi nimesoma Chennai, kule kusini mwa India wanakoongea Kitamil, miaka mitatu, jumapili jioni hosteli nzima tunajazana kwenye tivii moja, mzungu wa watu na suti yake anafungua mdomo unasikia "dei machan!", yani machan ni shemeji ila vijana wa kule wanaitana hivyo kama sisi tunavyoitana mwanangu, basi watu hoi. Siri ni kwamba hawatafsiri neno kwa neno, utani wa Kimarekani usioeleweka wanautupa kule wanachomeka vijembe vya wachekeshaji wao kina Vadivelu na Goundamani ambavyo kila mtu anavijua. Hata sauti wanachagua, The Lion King ya 2019 yule ngiri Pumbaa alipewa Robo Shankar, mchekeshaji wa hukohuko.

Kinachokera ni midomo, Kitamil kitenzi kinakaa mwisho wa sentensi kwa hiyo jamaa keshafunga mdomo we bado unasikia maneno yanamalizikia, ila utazoea. Zile za watu kukaa mezani wanarushiana maneno masaa mawili achana nazo. Anza na za kukimbizana na kuanguka, Jackie Chan na Chris Tucker kwa Kitamil ni balaa 😂