Putresini: jina la uozo, hesabu za mizani

Ukianza kazi ya kupima kama samaki au nyama imeanza kuharibika, jina la putresini, kemikali inayojikusanya nyama inapooza, halikwepeki. Lilitolewa na Ludwig Brieger, daktari wa Berlin, mwaka 1885, kutokana na neno la Kilatini lenye maana ya kuoza. Kadaverini, kemikali ndugu yake, aliipa jina yeye pia, na hiyo imechukua jina la maiti.

Majina hayo yasikupoteze. Putresini hutengenezwa hata ndani ya seli hai, zako zikiwemo. Ornithini, asidi amino mojawapo, hupoteza kaboni dioksidi, ukabaki mnyororo wa kaboni 4 wenye amini (kikundi chenye nitrojeni) kila ncha. Lisini, asidi amino nyingine, ikifanyiwa vivyo hivyo hutoa kadaverini, yenye kaboni 5. Kwa hiyo kuikuta putresini tu kwenye sampuli si habari. Habari ni kiasi, na kama kinapanda siku hadi siku. Zamani kemikali hizi zenye amini ziliitwa ptomaini, nazo zikabebeshwa lawama ya kila aliyeumwa tumbo baada ya kula, ilhali wakosaji wa kawaida ni vijidudu na sumu zao.

Sasa chupa yenyewe. Putresini tupu huyeyuka kwenye nyuzi 27 hivi, kwa hiyo leo utaikuta maji, kesho imeganda. Usiichokoe kwa kijiko: iweke chupa ikiwa imefungwa kwenye maji ya nyuzi 35 mpaka yote iyeyuke. Inaunguza ngozi na hufyonza kaboni dioksidi ya hewani, basi vaa glavu, fanyia kazi kwenye kabati la kufyonza hewa, na funga mara moja.

Kwa myeyusho wa kulinganishia, chagua chumvi yake ya dihaidrokloridi. Ni unga mkavu, unapimika vizuri. Ila hapa ndipo wageni wengi huteleza: moli moja (kipimo cha idadi ya molekuli) ya putresini tupu ni gramu 88.15, ya chumvi ni gramu 161.07. Ukitaka mililita 100 zenye milimoli 10 kwa lita, pima gramu 0.161. Ukitumia 0.088 utapata takriban milimoli 5.5, na kila sampuli yako itasomeka karibu mara mbili ya ukweli. Soma lebo kabla ya kugusa mizani.

Putresini haionekani kwa taa ya urujuanimno ya mashine ya kupimia, hivyo huvishwa kwanza dansili kloridi, kemikali inayoifanya ionekane, kwenye myeyusho wa alkali, mbali na mwanga. Kila molekuli inataka dansili 2. Sampuli iliyooza sana imejaa amonia, nayo hugombea dansili hiyohiyo. Dansili ikipungua, baadhi ya molekuli huvaa upande mmoja tu na kutokea mahali pengine kwenye grafu. Ukishuku hivyo, zimua sampuli mara 10, urudie. Jibu likipanda baada ya kuzidisha kwa 10, kipimo cha kwanza kilikosa dansili ya kutosha.