Mnaotaka kuja Omani, jibu langu hili hapa

Mwanangu, sauti uliyonituma Ijumaa nimeisikiliza mara mbili, na kicheko cha shoga zako nyuma nimekisikia pia. Kwamba Ngamiani nzima huko Tanga inajua shangazi yuko Maskati anakula bata, kavaa dhahabu, na hataki kuwavuta watoto wa kaka yake kwa roho mbaya. Kwamba dalali wa kuwaleta kazi za ndani mmeshampata. Na kwamba Omani si ugenini kwa kuwa wenyewe wanasema Kiswahili.

Nimekereka. Nilianza kukujibu kwa sauti nikajikuta nagomba, basi nimeona niandike.

Hiyo dhahabu ni ya dukani, soko la Matrah. Tulikwenda siku ya mapumziko, muuzaji akaturuhusu kujaribu, tukapiga picha, tukairudisha. Hilo limekwisha.

La Kiswahili ni kweli. Baada ya Mapinduzi ya 1964 watu wengi wenye asili ya Omani walitoka Unguja na Pemba, na Sultani Qaboos aliposhika nchi mwaka 1970 wengi walirejea huku na Kiswahili chao. Bibi wa nyumba niliyofikia mwanzo alizaliwa Unguja. Kiswahili chake kitamu, kinapita changu. Ndicho alichonitukania. Tusi la Kiarabu nilikuwa silijui, lilinipita. La Kiswahili linakaa, unalala nalo. Kwa hiyo msijidanganye kuwa lugha itawafunika.

Nikupe moja tu. Ilikuwa Ramadhani, karibu na magharibi, jiko limejaa sambusa na wageni wameanza kuingia. Mafuta yakaniruka, mkono ukaungua kuanzia kiganja hadi kwenye kifundo. Nikamwomba bibi huyohuyo nikae kidogo. Alikuwa anapanga tende kwenye sinia. Hakupaza sauti wala hakuniangalia. Akasema, "Nimekununua kwa pesa nyingi mimi, hukuja kukaa." Akaendelea na tende zake. Nikafunga mkono kwa kitambaa nikarudi kwenye karai.

Watu huuliza kuhusu joto, kuhusu kulala saa sita na kuamka alfajiri. Hayo mwili unazoea. Lile neno ndilo lililonila, kwa sababu kwake halikuwa tusi. Mwajiri huku hulipa ofisi ya wakala viza, tiketi na ada, ndipo uletwe. Viza yako inasimama kwa jina lake, yeye ndiye kafili wako. Sheria ya Omani hairuhusu mwajiri kushika pasi ya mfanyakazi, lakini yangu ilikaa kabatini kwake na ufunguo anao yeye. Ukitoka bila ruhusa, anakwenda kukuripoti kuwa umetoroka, na mkosaji unakuwa wewe, hata kama ulikimbia njaa au mikono ya mtu. Sasa mtu aliyelipa pesa yote hiyo, na karatasi zako ziko mkononi mwake, anaona kakununua. Na ukikaa naye muda mrefu, na wewe unaanza kuona hivyo. Hapo ndipo pa kuogopa.

Lakini nisiseme uongo kwamba kudharauliwa kulinianzia huku. Mwanangu, sisemi kumsema mama yako vibaya, na akisoma asikasirike. Nilipoachika nikarudi kwenu na wanangu wawili, nililala barazani miezi mingi na unga ulikuwa unapimwa kwa kikombe. Kwenye shughuli nilipewa kuosha vyombo, wenzangu wameketi mkekani. Kungwi wangu alinifunza mume anataka nini mpaka nikahitimu. Ukishapewa talaka yako unasimamaje, hilo hakunifunza, na sidhani kama na yeye alifunzwa. Nilikuja Omani kwa njaa, ndiyo, lakini nilikuja zaidi ili niwe mtu mbele za watu.

Nimekuwa. Mkataba wangu wa kwanza uliandikwa riyali 80 kwa mwezi, na nilipoanza kutuma tu, simu zikaanza. Jina langu sasa linatajwa la kwanza kwenye michango ya harusi. Kaka, ambaye zamani alikuwa hanisalimii vizuri, ananiita "mama". Ni mimi yuleyule. Mwezi ule mkono ulipoungua nilitumia sehemu ya mshahara kwa dawa, nikatuma pungufu. Ujumbe uliorudi kutoka nyumbani ulikuwa na maneno mawili: "Mbona pungufu?" Nilisoma nimesimama Ruwi, nje ya duka la kutuma pesa, watu wananipita. Ndani ya wiki moja nilikuwa nimeambiwa bei yangu na watu wa nchi mbili.

Nina mwenzangu wa Makorora tuliyefika wakati mmoja. Mgongo ulimkataa, akarudishwa na mshahara wa mwisho hakupewa. Aliposhuka stendi ya Kange na begi moja, hakuna aliyekwenda kumpokea, maana habari ilikuwa imeshatangulia kuwa anarudi mikono mitupu. Akapanda bodaboda mwenyewe. Leo anauza bagia asubuhi, anacheza upatu na wenzake, amepanga chumba. Mwaka jana dalali alimfuata tena, na ndugu zake walewale wakamsukuma aende. Akawajibu kuwa hadaiwi na mtu na hauzwi tena. Hakwenda. Mnapopita pale mnamwona muuza bagia aliyeshindwa Omani. Mimi katika wote waliotoka Tanga ninaowajua, ndiye ninayemheshimu kuliko wote. Kamtafuteni huyo mumuulize kabla hamjampa dalali hata shilingi.

Basi msije. Nasema hivyo nikijua ada ya wanangu inatoka huku, na chumba cha bibi yenu kimeezekwa kwa pesa ya huku. Siwezi kuwazuia njaa. Wapo waliopata nyumba njema, wanakula meza moja na wenyeji wao, na sasa hivi mimi mwenyewe niko kwa watu wenye utu. Lakini mwanamke anayekuja ili watu wa mtaani wamwone wa maana, huyo asije kabisa, atavumilia lolote kwa kuogopa kurudi mtupu.

Na ukiamua kuja, usije kwa viza ya kutembea, dalali akikwambia utabadilisha ukifika mkatalie. Pita TaESA, huduma ya ajira ya serikali yetu, mkataba upite ubalozini. Nakala ya pasi yako muachie mama yako na nyingine nitumie mimi. Namba ya ubalozi wetu Maskati iwe kichwani, si kwenye simu, simu huchukuliwa. Kila mwezi weka chako kabla hujatuma cha nyumbani, hata kama mama analia. Mama usimnyime lakini. Mpe, ila mwambie mapema kiasi gani na usikiongeze kwa kuona haya. Ukiguswa na mwanamume wa nyumba usikae kungoja mwezi uishe. Toka, hata kama ni usiku, hata bila mshahara. Mshahara nitakuchangia mimi.

Huyo dalali mwambie akupe mkataba wenye jina la mwajiri na kiasi cha mshahara. Akikataa, umeshapata jibu. Akikupa, usisaini. Upige picha kurasa zote unitumie, kisha nipigie saa tano usiku kwa saa za huku, kwenu ni saa nne, nakuwa nimeshamaliza vyombo. Tutausoma pamoja.