Maswali yenu: muziki wa filamu na tamthilia

Mtu mmoja anaweza kutunga muziki wa mapenzi, wa vita na wa kutisha, au achague njia moja? (Makambako)

Anaweza. Mfano wangu ni Jerry Goldsmith, mtunzi wa muziki wa filamu wa Los Angeles, aliyezaliwa 1929 na kukomaa kikazi CBS, shirika la utangazaji la Marekani, redioni na kwenye televisheni. Katika filamu ya Planet of the Apes ya 1968 alipigisha mabakuli ya chuma ya jikoni na pembe ya kondoo dume katikati ya okestra. Mwaka 1974 muziki wa kwanza wa filamu ya Chinatown, wa mtunzi mwingine, ulikataliwa, akaitwa yeye, akamaliza kwa siku kumi: tarumbeta moja, piano nne, vinubi vinne, violini na jamii yake, na wapiga midundo wawili. Tarumbeta moja ndiyo inayobeba upweke wote wa filamu ile! Oscar yake pekee ni ya The Omen, filamu ya kutisha ya 1976, na humo utasikia kwaya inaimba Kilatini. Kazi tatu, hazifanani hata kidogo, kwa sababu kila mara aliitazama picha kwanza. Hapa kwetu mtu kwenye tamthilia anakunywa chai sebuleni, na chini ya picha hiyo limerundikwa jeshi zima la violini.

Programu gani ni nzuri kutungia? (Mbeya mjini)

Swali hili linakuja kila wiki. Ile unayoijua.

Dakika ya kwanza muziki unaachana na picha. Kosa langu ni nini? (Mafinga)

Filamu imepigwa picha 24 kwa sekunde, nawe umepewa nakala ya kutungia inayokwenda 25. Dakika nzima inakuwa sekunde 57.6 kwenye nakala yako, ngoma yako imeshalia, mlango kwenye filamu bado haujabamizwa. Uliza kasi kabla hujagusa kinanda. Na usianze mpaka mhariri aseme picha imefungwa, yaani haikatwi tena, la sivyo utatunga mara tatu kwa malipo ya mara moja.

Mwongozaji anataka nichukue muziki wa filamu ya Marekani, nipunguze kasi usijulikane. (Tukuyu)

Kataa. Huo ni wizi, na Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 haijali umepunguza kasi kiasi gani. Yeye amekuagiza kwa mdomo. Jina litakaloandikwa kwenye muziki ni lako. Dai mkataba wa maandishi, hata wa ukurasa mmoja, unaosema muziki ni wa nani tamthilia ikiuzwa kwenye kituo kingine. Haki yako inaanza unapotunga, lakini peleka kazi COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, isajiliwe uwe na ushahidi.

Ligombo linafaa kwenye tamthilia ya kisasa? (Iringa)

Linafaa sana. Nilimrekodi mzee mmoja wa Kihehe, ligombo lake, ubao wenye nyuzi, limelala mapajani, maikrofoni karibu kiasi kwamba ngozi ya kidole ilisikika ikiachia uzi. Kijana wa studio akataka nyuzi zifuate kinanda. Mzee akakaza moja, akaimba kidogo, akailegeza tena: nyuzi zake zinafuata sauti yake. Tukazima kinanda. Katika onyesho la mama anayesubiri basi stendi, ligombo peke yake lilitosha.

Ila mlipeni mzee. Wengi wenu mnarekodi wazee kwa soda mbili na nauli ya bodaboda, kisha mnaandika "muziki wa asili" kana kwamba haukupigwa na mtu. Andika jina lake, na mgao wake uuweke kwenye mkataba uleule niliomwambia wa Tukuyu.

Unafundisha? (Njombe)

Jumamosi, kwa anayekuja na onyesho lake mkononi.