Nimepatikana na hatia ya kudharau mahakama, adhabu bado. Nikate rufaa sasa?

SWALI: Wakili, hujambo. Ndugu yangu amenishtaki kwa ajili ya shamba letu la Kilifi. Mahakama ya Mazingira na Ardhi ilitoa zuio la muda nisijenge mpaka kesi iamuliwe. Fundi akaendelea kuezeka. Juzi jaji ameamua kwamba nimedharau mahakama, na ameniita nifike mwenyewe nieleze kwa nini nisiadhibiwe. Naweza kukata rufaa, au ningoje hukumu ya shamba?

JIBU: Usingoje hukumu ya shamba. Kwanza kabisa, mteremshe fundi darini leo na upige picha za ujenzi uliosimama. Utazihitaji.

Swali lako linaamuliwa na kile ambacho amri yenyewe imefanya. Kama jaji angekuwa amekuita tu, bila kuamua lolote, ningekwambia huna cha kukatia rufaa. Lakini kwako tayari kuna uamuzi wa hatia. Ikiwa ombi la ndugu yako la kutaka uadhibiwe lilitegemea Agizo la 40, kanuni ya 3, la Kanuni za Kesi za Madai (ndiyo inayoruhusu mali kushikwa au mtu kufungwa hadi miezi 6), basi Agizo la 43 linakupa haki ya rufaa bila kuomba ruhusa. Likiwa limeletwa kwa njia nyingine, huenda ukahitaji kuomba ruhusa, kwa hiyo soma kichwa cha ombi lile kabla ya jambo lingine.

Kuna pia kifungu cha 5 cha Sheria ya Mahakama, Sura ya 8, ambacho tulikirudia baada ya Mahakama Kuu, mwaka 2018, kuibatilisha Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016. Kinasema amri ya kumwadhibu mtu kwa dharau hukatiwa rufaa kana kwamba ni hatia na hukumu ya jinai. Wakili wa ndugu yako ataling'ang'ania neno "kuadhibu" na kudai umekuja mapema, kwani bado hujaadhibiwa. Hata hivyo, mimi ningewasilisha notisi ya rufaa (karatasi ya kueleza kwamba unakusudia kukata rufaa) sasa. Siku 14 zinahesabiwa tangu uamuzi uliposomwa, hazingoji adhabu. Adhabu ikitoka, wasilisha notisi nyingine. Karatasi mbili ni nafuu kuliko kuomba kuongezewa muda.

Notisi peke yake haizuii kitu. Ukitaka mambo yasimame, nenda Mahakama ya Rufani chini ya kanuni ya 5(2)(b) ya Kanuni za mahakama hiyo, uonyeshe kwamba rufaa yako ina hoja ya kusikilizwa na kwamba usiposaidiwa sasa itakuwa kazi bure. Hilo la pili si gumu pale kifungo kinaponyemelea, kwani siku zilizoliwa jela hakuna jaji wa kuzirudisha.

Ugumu uko kwenye hoja. Tangu kesi ya Mutitika dhidi ya Baharini Farm, ya 1985, dharau huthibitishwa kwa kiwango kinachozidi kile cha madai ya kawaida. Je, amri ilikuwa wazi? Uliijua? Ulikaidi makusudi? "Fundi hakunisikia" ni utetezi mwembamba, hasa kama uliendelea kumlipa. Na usiitumie rufaa hii kulipinga zuio lenyewe. Hilo lilikuwa na muda wake.

Utaambiwa pia kwamba mkaidi hasikilizwi mpaka atii. Kanuni hiyo ipo, ilitamkwa Uingereza katika kesi ya Hadkinson mwaka 1952, ila haimfungii mlango anayepinga uamuzi uleule wa dharau. Bado, picha zako zitakusaidia zaidi ya hoja hiyo.

Tarehe uliyoitwa, nenda, hata kama notisi imeshaingia. Ukikosa, jaji anaweza kutoa hati ya kukukamata, na utakuwa umempa ndugu yako ushahidi ambao hakuwa nao.